Maswali Yenu: Kusoma Picha za Angani

SWALI: Assalaam alaykum. Nimemaliza kidato cha sita, nimesoma jiografia na hisabati. Natamani kazi ya kuchambua picha za upelelezi jeshini. Kazi yenyewe ikoje, na nikiwa hapa Wete naweza kuanza na nini?
— Msomaji, Wete

JIBU: Waalaykum salaam. Wengi hudhani kazi hii inataka macho makali. Inataka rula zaidi. Oktoba 14, 1962 ndege ya Marekani aina ya U-2 ilipiga picha magharibi ya Cuba, na kesho yake wachambuzi wakaona vitu virefu vimefunikwa maturubai. Turubai halikuficha urefu. Walivipima, wakalinganisha na makombora ya Kisovieti yaliyokwisha kuonekana kwenye magwaride ya Moscow.

Basi anza na skeli, yaani uwiano wa urefu pichani na urefu halisi ardhini. Gawa urefu wa fokasi ya lenzi (umbali kutoka lenzi hadi picha inapojikusanya ndani ya kamera) kwa kimo cha ndege kutoka ardhini: lenzi ya milimita 152, ndege ikiwa mita 3,040 juu, inatoa 1:20,000. Milimita moja pichani ni mita 20 ardhini. Ngarawa ya mita 6 hapo ina milimita 0.3 tu, kwa hiyo kioo cha kukuzia hakiepukiki.

Kimo cha kitu unakipata kwenye kivuli: zidisha urefu wa kivuli kwa tanjenti ya pembe ya jua kutoka upeo wa macho. Jua likiwa digrii 45, mnazi na kivuli chake vinalingana. Likiwa digrii 60, zidisha kivuli kwa 1.73. Visiwani kwetu adui ni adhuhuri. Mwanzoni mwa Machi na mwanzoni mwa Oktoba jua linasimama utosini na kivuli cha kupima hakuna, hivyo tafuta picha ya asubuhi. Ardhi nayo iwe tambarare, maana kivuli kinachoteremka mlima hurefuka na hesabu ikapotoka.

Kwa mazoezi, fungua Google Earth ya kompyuta, bonyeza alama ya saa, ulinganishe pwani ya Paje mwaka kwa mwaka. Mashamba ya mwani yanaonekana kama viraka vya mstatili. Hapo pana mtego: picha moja imepigwa maji yamejaa, nyingine yamekupwa, na anayeanza huandika "mashamba mapya". Angalia mstari wa maji kwanza. Wala usiandike "ni" pale ushahidi unapofikia "yaelekea ni" tu. Kuna watu watatumwa kwa neno hilo.

Ajira: JWTZ hutangaza nafasi zake, lakini kuingia jeshini hakukupi meza ya picha moja kwa moja, kwani jeshi ndilo linalopanga. Upimaji ardhi ni somo zuri la kujiandaa, na hata usipochukuliwa, ujuzi huo una kazi uraiani.

SWALI: Nina picha ya angani ya Pemba, mabonde yanaonekana vilima. Imeharibika?
— Msomaji, Chake Chake

JIBU: Nzima kabisa. Jicho limezoea mwanga utokao juu. Vivuli vikilala kuelekea ukingo wa juu wa picha, bonde linageuka kilima. Novemba hadi Januari jua letu la mchana liko kusini, vivuli vinaanguka kaskazini, na ndipo picha yenye kaskazini juu inapodanganya. Izungushe mpaka vivuli vikuelekee wewe.

Ikiwa unatumia stirioskopu (kifaa cha kutazama picha mbili pamoja, kila jicho na yake, ili uone kina) na picha mbili zinazopandana asilimia 60, pengine umebadilisha ya kushoto na ya kulia. Zirudishe mahali pake bila kuzizungusha. Bado una shaka? Tafuta mpunga: palipo na vile viraka bapa vya kijani ndipo bondeni.