Kinachomtambulisha Ilaiyaraaja

Kuna aliyeuliza kwa nini muziki wa Ilaiyaraaja, mtunzi wa muziki wa filamu za Kitamil (lugha ya kusini mwa India), unatofautiana sana na wa filamu nyingine za Kitamil. Jibu: sikiliza gitaa la besi. Kwa watunzi wengi besi hufuata ngoma basi. Kwake ni sauti ya pili, ina melodia yake yenyewe chini ya mwimbaji. Anza na "Ilaya Nila" (1982), tena kwa hedifoni, maana spika ya simu huimeza besi yote ukabaki na nusu ya wimbo. Mara ya pili mwache mwimbaji, fuata besi peke yake hadi mwisho. Utashangaa.

Alizaliwa 1943 kijijini Pannaipuram, akazunguka na kundi la muziki la kaka yake, kisha akaenda Madras (Chennai ya leo) kujifunza noti za Kizungu kwa Mwalimu Dhanraj. Ndiyo maana tangu filamu ya Annakili (1976) nyimbo za kijijini zinakaa vizuri kabisa na fidla zilizopangwa kwa sauti kadhaa.

Filamu alizotungia muziki zimepita 1,000. Ukitaka muziki wa ala tupu usio wa filamu, tafuta albamu "How to Name It?" (1986): Bach, mtunzi wa Kijerumani, na muziki wa Kikarnatiki, yaani wa jadi wa kusini mwa India, wanakutana humo waziwazi.