Ch ya Kiunguja na t ya Kimvita

Je, ukigeuza kila "ch" ya Kiunguja, lahaja ya Unguja iliyo msingi wa Kiswahili sanifu, kuwa "t", utapata Kimvita, lahaja ya Mombasa? Hapana, hakukupi Kimvita, na kurudi nyuma, kutoka Kimvita hadi Kiunguja, ni kugumu zaidi. Kanuni yenyewe ipo: macho ni mato, mchele ni mtele, mchana ni mtana, kichwa ni kitwa. "Nj" nayo huwa "nd": njia ni ndia, njaa ni ndaa. Kuchinja hupata yote mawili, kutinda.

Lakini hiyo ni "ch" ya kale iliyomo ndani ya mzizi. "Ch" inayotokana na kiambishi ki- mbele ya irabu haiguswi: chuo na changu hubaki hivyo hivyo Mombasa. Maneno ya kukopa pia, chai ni chai.

Ukianzia Kimvita, maandishi hayakusaidii. "Tatu" ni tatu pande zote, si "chachu". "Kuteka" huweza kuwa kucheka au kuteka maji, na "ndoo" ni njoo au ile ndoo ya maji. Muktadha ndio utakaoamua. Sikio la msemaji hasa wa Kimvita lina msaada mwingine, maana lahaja ina t mbili, moja ulimi ukigusa meno na nyingine ukigusa ufizi, ila tahajia ya kawaida huziandika kwa herufi moja. Hasara kubwa hiyo kwa anayejifunza kwa kusoma tu.

Angalia lakini: vijana wengi wa Mombasa sasa huchanganya, kwa sababu shuleni hufundishwa Kiswahili sanifu. Mtu mmoja anaweza kusema "mato" nyumbani na "macho" darasani.