"Seneta wa jimbo aliyegeuka hakimu wa shirikisho": kuna ubaya gani?

SWALI: Nafasiri wasifu mfupi wa Sandra Day O'Connor wa Marekani. Nimeandika: "seneta wa jimbo aliyegeuka hakimu wa shirikisho, akateuliwa na Rais Reagan katika Mahakama Kuu mwaka 1981." Mhariri ameizungushia duara jekundu sentensi nzima bila maelezo. Nimekosea wapi?

JIBU: Karibu kila neno la cheo lina tatizo lake, ila kubwa zaidi ni "hakimu". Tanzania na Kenya hakimu hukaa katika mahakama za chini. Kuanzia Mahakama Kuu kwenda juu ni jaji. Kwa Marekani tofauti hii ina uzito kuliko unavyodhani, kwa sababu mahakama za shirikisho za huko zina mahakimu wake. Hao huteuliwa na majaji wa mahakama ya wilaya ya shirikisho kwa kipindi cha miaka 8, bila kupita kwa Rais wala Seneti. O'Connor hakuwa mmoja wao. Ukimwita hakimu umemshusha ngazi, tena ukampa ajira ya mkataba mahali pa ujaji usio na kikomo cha umri.

"Mahakama Kuu" nayo inampeleka pasipo pake. Kwa msomaji wetu hiyo ni mahakama iliyo chini ya ile ya rufaa. Andika Mahakama ya Juu ya Marekani. Wakenya wengine watasema ya Upeo, na si kosa. Lakini jihadhari na mtego mwingine ulioko katika wasifu huohuo: mwaka 1975 alianza ujaji katika mahakama ya Kaunti ya Maricopa, ambayo jina lake la Kiingereza lina neno lenye maana ya "juu". Usilifasiri. Ile ni mahakama ya jimbo inayosikiliza kesi kwa mara ya kwanza, na ukiiita ya Juu, msomaji atashangaa mtu amefika kileleni mara mbili. Usiiite Mahakama ya Mwanzo pia, maana Mtanzania ataona kesi za kuku na mipaka ya mashamba. "Mahakama ya Kaunti ya Maricopa" inatosha.

"Seneta wa jimbo" ina utata. Yeye alikaa katika Seneti ya Arizona, yenye wajumbe 30, huko Phoenix. Maneno yako yanaweza pia kumaanisha mmoja wa maseneta wawili ambao kila jimbo hupeleka Washington. Tena Mtanzania akisikia jimbo hufikiria jimbo la uchaguzi. Andika "mjumbe wa Seneti ya Jimbo la Arizona"; yule wa Washington mwite "seneta wa Marekani kutoka Arizona".

Sasa vitenzi, ambavyo wafasiri wengi huvichanganya. O'Connor ni mfano mzuri kwa kuwa alipitia karibu vyote. Mwaka 1969 gavana alimteua kujaza kiti kilichokuwa wazi katika Seneti ya jimbo. Mwaka 1970 alichaguliwa na wapiga kura, na 1973 akawa kiongozi wa walio wengi (chama chenye viti vingi), mwanamke wa kwanza kushika nafasi hiyo katika jimbo lolote la Marekani. Mwaka 1974 alichaguliwa tena, safari hii kuwa jaji. Ndiyo, kwa kura. Usidhani chanzo chako kimekosea ukaweka "aliteuliwa". Mwaka 1979 gavana alimteua Mahakama ya Rufaa ya Arizona. Mwaka 1981 Reagan alimpendekeza, Seneti ikamwidhinisha Septemba 21 kwa kura 99 bila ya kumpinga, na siku nne baadaye akaapishwa. Kwa masikio ya Tanzania, Rais akiteua jaji kinachobaki ni kiapo, hakuna kura ya Bunge. Kwa hiyo "aliteuliwa na Rais Reagan" peke yake inalifuta Seneti lote. Hapo "alipendekezwa" ndilo neno.

"Aliyegeuka" ni Kiingereza kilichovaa kanzu. Kwetu mtu hugeuka nyoka, hugeuka jiwe, au huwageukia wenzake. Cheo hugeuki, unakuwa nacho. Pia sentensi yako imeruka miaka 6 ya ujaji wa jimbo, kana kwamba alitoka kwenye siasa moja kwa moja hadi Washington. Jaribu hivi: "Sandra Day O'Connor, aliyekuwa mjumbe wa Seneti ya Jimbo la Arizona, kisha jaji wa mahakama za jimbo hilo, na mwaka 1981 akawa mwanamke wa kwanza kuwa jaji wa Mahakama ya Juu ya Marekani."

Kama wasifu unaendelea hadi mwisho wa maisha yake: alistaafu Januari 2006, akafariki Desemba 2023. Kwa miaka ya katikati "Jaji mstaafu" ni sahihi, na baada ya hapo "hayati Jaji O'Connor". "Seneta mstaafu" usiandike; alitoka Seneti ya Arizona akiwa na miaka 44 kwenda kazi nyingine.