Siku moja kutoka Malindi: maporomoko ya Lugard, lava ya Yatta na bei ya gari

Likizo inakaribia na barua za safari zimezidi. Mwezi huu tunajibu zinazohusu mto Galana, unaopita mbuga ya Tsavo Mashariki na wenye maporomoko ya Lugard, na miamba yake, maana maneno ya uongo juu ya safari hiyo yamejaa mtaani.

SWALI: Assalaam alaykum. Tuko sita: mimi, mume wangu, mama mkwe na watoto watatu. Kijana mmoja wa magari anasema atatupeleka kwa siku moja korongo la Marafa, maporomoko ya Lugard na lava ya Shetani, gari la peke yetu pamoja na mwongozaji wake. Anataka arubuni kesho. Tumpe?
*Mama wa Barani, Malindi*

JIBU: Waalaykum salaam, dada. Usimpe mpaka apunguze orodha yake. Lava ya Shetani, yaani mawe yaliyomwagwa na volkano, iko Tsavo Magharibi, karibu na lango la Chyulu, ng'ambo ya barabara kuu ya Nairobi. Malindi hadi Voi kupitia lango la Sala ni kiasi cha kilomita 220, Voi hadi Mtito Andei ni karibu 100 nyingine, na hapo hamjaingia Tsavo Magharibi bado. Anayeahidi hayo yote na kurudi kulala Malindi ama hajawahi kwenda, ama atawafikisha Marafa kisha aseme muda umekwisha.

Siku moja inatosha Galana peke yake. Tokeni mkishaswali alfajiri, saa kumi na moja na robo. Malindi hadi Sala, kupitia Kakuyuni na Chakama, ni takriban kilomita 110, na mkifika saa moja lango litakuwa limeshafunguliwa. Ndani ya Tsavo Mashariki barabara ni ya udongo inayofuata mto, karibu kilomita 70 hadi maporomoko. Kasi inayoruhusiwa mbugani ni kilomita 40 kwa saa, kwa hiyo hata bila kusimama ni saa mbili. Wekeni saa tatu na nusu, kwa sababu watoto watataka kusimama kwa kila ndovu. Mkiwa kwenye maporomoko saa nne na nusu, mna saa tatu nzuri za kutazama, kula na kupumzika.

Kurudi ndiko kunakoharibu siku za watu. Malango hufungwa saa kumi na mbili jioni. Ondokeni Lugard saa saba na nusu, mtakuwa Sala kabla ya saa kumi. Zile saa mbili zinazobaki si za kupoteza, ni akiba ya pancha. Dereva atakayesema "bado mapema, tukae mpaka saa tisa na nusu" anakula akiba yenu, si yake. Adhuhuri na alasiri mnaweza kuzijumuisha kama wasafiri, msifanye haraka kwa ajili ya hilo.

Mama mkwe akae kiti cha katikati ya gari, asikae nyuma ya ekseli. Barabara ya udongo hujifanya mawimbi madogo, na wa nyuma kabisa ndiye hurushwa. Pale langoni nendeni choo hata asiyebanwa.

Marafa iwekeni jioni nyingine. Ni safari ya nusu siku, tena upande tofauti: mnavuka daraja la Sabaki, mnaelekea Mambrui, kisha mnakata kushoto kuingia bara.

SWALI: Nimepewa bei moja ya jumla, "kila kitu ndani". Nitajuaje kama nimeibiwa?
*Mwalimu, Gede*

JIBU: Mwalimu, mwambie aitenganishe: gari na dereva kwa siku, mafuta, kiingilio cha watu, kiingilio cha gari, mwongozaji kama si dereva mwenyewe, chakula na maji. Akikataa kuitenganisha, umeshapata jibu lako.

Mafuta unaweza kuyapiga hesabu ukiwa nyumbani. Kwenda na kurudi ni kama kilomita 360, ongeza 40 za kuzungukazunguka. Landkruza ya dizeli ikienda kilomita 8 kwa lita, ni lita 50. Zidisha kwa bei ya dizeli ya wiki hiyo ya kituo chochote cha Malindi. Ukiandikiwa mafuta ya lita 90, uliza hizo 40 zinaenda kumwagwa wapi.

Kiingilio hakilipwi kwa pesa taslimu langoni, hulipwa kwa eCitizen, ule mtandao wa serikali. Raia wa Kenya, mkazi na mgeni wa nje wana viwango tofauti, na watoto wana chao. Basi lipa mwenyewe usiku wa kuamkia safari, ukiwa na mtandao wa nyumbani, kwa viwango unavyoviona hapo hapo, na uhifadhi stakabadhi kwenye simu au uichapishe. Wanaoachia kazi hiyo hadi Sala hukaa juani wakitafuta mtandao huku saa za asubuhi, zile wanyama wanapoonekana, zikipita. Beba vitambulisho halisi, na pasipoti za wageni kama wapo. Asiye na cha kuonyesha anaweza kudaiwa bei ya mgeni.

Je, gari la peke yenu lina faida? Gari hukodishwa zima, awemo mmoja au sita. Mkiwa wawili, kila mmoja hubeba nusu ya gari na itauma. Mkiwa sita kwenye gari la viti saba, bei kwa kichwa hukaribia ile ya kuchanganywa na wageni wengine, tena saa ni zenu. Katika gari la kuchanganywa maporomoko hupewa dakika 20, kwa sababu wengi wamelipia simba, na miamba haina mashabiki wengi.

Arubuni isizidi nusu. Andikishianeni aina ya gari na namba yake. Mchezo wa kawaida ni kuahidiwa landkruza ya paa la kufunguka, kisha alfajiri ikaja nisani ya abiria, na watu wakapanda kwa sababu watoto wameshavaa viatu.

SWALI: Natembeza wageni, wengi Waitaliano. Wenzangu huwaambia Marafa ni volkano iliyozimika. Mgeni mmoja alinicheka. Ukweli ni upi, na volkano niionyeshe wapi?
*Kijana wa Maweni, Malindi*

JIBU: Alikuwa na haki ya kucheka, kaka. Mtu wa Sicilia amekua akiitazama volkano ya Etna ikitoa moshi. Huwezi kumwambia mchanga ni lava.

Marafa, au Nyari kama wenyeji Wagiriama wanavyopaita, ni mawe ya mchanga yaliyolazwa tabaka juu ya tabaka na hayakushikana sawasawa. Mvua hukata mifereji, mifereji hukutana, kingo huanguka, na kinachosimama ni zile nguzo na kuta unazoziona. Nyekundu na machungwa ni kutu ya chuma iliyomo mchangani. Penye chuma kidogo pamebaki peupe. Korongo linaendelea kukua kila msimu wa mvua, ndiyo maana ukingoni hapasimamwi. Jina la Kiingereza, Hell's Kitchen, huwachanganya watu na Hell's Gate ya Naivasha, ambako volkano ni ya kweli na mvuke wake unazalisha umeme pale Olkaria. Kisa cha ukoo tajiri uliooga maziwa na kuadhibiwa ukisimulie, wageni wanakipenda, ila kisimulie kama kisa. Na usiwashushe chini adhuhuri. Kuta hushika joto na upepo haufiki. Anza saa kumi jioni, rangi nazo ndipo hukolea.

Volkano ya kumwonyesha mgeni kwa siku moja iko Galana, na wengi hupita chini yake bila kuitaja. Ukiwa pande za Lugard, tazama ng'ambo ya kaskazini ya mto: kile kilima kirefu, juu kimenyooka kama kimepigwa rula, ni uwanda wa Yatta. Ni mkondo mmoja wa lava wenye urefu wa karibu kilomita 290, miongoni mwa mirefu kabisa duniani, uliotokea pande za Ol Doinyo Sabuk. Wataalamu wanaeleza kwamba lava ilishuka ikifuata bonde la mto wa kale, ikaganda humo humo. Baadaye, kwa zaidi ya miaka milioni 10, ardhi laini ya kando ikasombwa na maji, lava ngumu ikabaki juu. Kilichokuwa shimo sasa ndicho mlima. Mchoree mgeni hilo kwa kijiti mchangani, kwenye kituo kinachoruhusiwa kushuka, ataelewa kwa dakika mbili.

Mpaka hapo usichanganye tena: mawe ya maporomoko yenyewe si lava. Ni miamba mikongwe zaidi, ya mamia ya milioni ya miaka, iliyopikwa na kukandamizwa chini ya ardhi. Dalili yake ni mistari ya weusi na weupe inayopishana. Yale mashimo ya mviringo yamechimbwa na kokoto zinazozungushwa na maji ndani ya kishimo kimoja miaka na miaka. Lava ya Yatta, kwa upande wake, ni ya rangi moja ya kijivu cheusi, haina mistari hiyo.

Mgeni anayetaka lava mbichi, nyeusi, isiyo na udongo juu, huyo ndiye wa Shetani. Mwambie mapema kwamba ni safari ya kulala. Kuna njia ya kupanda Mombasa ile treni inayosimama vituo vya kati, mshuke Mtito Andei mkapokewe na gari. Mkifika huko, pitieni na chemchemi za Mzima: mvua inayonyesha milima ya Chyulu huzama ndani ya mawe ya volkano na kutokea hapo ikiwa safi, na sehemu yake huletwa kwa bomba hadi Mombasa.

Kazi yako nayo ina karatasi zake. Leseni ya mwongoza watalii hutolewa na Mamlaka ya Udhibiti wa Utalii, TRA. Mitihani ya KPSGA, chama cha waongozaji wa safari, ina daraja tatu, shaba, fedha na dhahabu, na ya shaba ndiyo ya kuanzia.

SWALI: Tulikwenda Lugard tukaambiwa tumekosea msimu, hapakuwa na maporomoko ila maji ya matope yanayokwenda mbio. Ni lini basi? Na watoto wanaweza kushuka mtoni?
*Baba wa Msabaha*

JIBU: Ndugu, wengi hufikiri maji mengi ndiyo maporomoko mazuri. Lugard haina ukuta mmoja mrefu wa maji. Ni mto mpana unaobanwa ghafla kati ya miamba na kushuka kwa ngazi ngazi. Maji yakijaa, miamba hufunikwa na ngazi hupotea, mnabaki na huo mto wa matope mliouona. Nendeni yakiwa yamepungua: Februari hadi katikati ya Machi, au Agosti na Septemba. Hapo michongo ya mawe huonekana, na kishindo kinasikika bado kwenye ule mlango mwembamba.

Msiikadirie Galana kwa mawingu ya Malindi. Maji yake yanatoka nyanda za juu za pande za Nairobi kupitia Athi, yakaungana na mto Tsavo. Mvua kubwa ya huko huvimbisha mto siku kadhaa baadaye huku sisi tuna jua. Dalili mnaijua: bahari ya Malindi ikigeuka kahawia tena upya, jueni Sabaki inashusha, na Sabaki ni Galana hiyo hiyo.

Watoto wasishuke mtoni, na hili halina mjadala. Chini kidogo ya maporomoko pana mahali panaitwa Crocodile Point, na mamba hawasomi kibao wakabaki hapo tu. Kwenye miamba ya juu mnaruhusiwa kutembea, lakini mawe yaliyosuguliwa na maji huteleza hata yakiwa makavu. Viatu viwe vya raba yenye meno, si champali. Pale pembamba kuna watu hujaribu kupanua miguu ukingo hadi ukingo wapigwe picha. Anayeteleza hapo huvutwa chini ya mwamba, na kamba haimfikii. Mtu mzima mmoja kwa kila mtoto mdogo, mkono kwa mkono, umbali wa hatua tatu kutoka ukingoni.

Chakula pia kina matata yake. Wali wa nazi ndani ya gari la moto huchacha kabla ya adhuhuri. Chukueni mahamri, mayai ya kuchemsha, kuku wa kuchoma, maembe. Plastiki za kutumia mara moja, yakiwemo machupa ya maji, zimepigwa marufuku mbugani tangu Juni 2020, kwa hiyo maji yawe kwenye dumu la kudumu, lita tatu kwa kila mtu. Kula mlangoni mwa gari. Nyani wanaujua mlio wa kifuniko cha hotipoti.

SWALI: Sisi wa Amu tunaweza kwenda na kurudi siku moja?
*Msomaji, Mkomani, Lamu*

JIBU: Hapana. Mokowe hadi Malindi peke yake ni zaidi ya kilomita 200. Laleni Malindi usiku wa kwanza na wa pili.

SWALI: Nina Noah yangu. Naweza kuwapeleka jirani zangu Lugard wanichangie mafuta na kitu kidogo?
*Dereva, Kisumu Ndogo, Malindi*

JIBU: Kiangazi Noah hufika, ukiwa na subira. Baada ya mvua udongo mwekundu huwa kama sabuni, na vijito vinavyokatiza njia huacha mchanga mlaini unaonasa gari la chini. Kabla ya kutoka, pima upepo wa spea (spea nyingi huwa zimelala miezi bila kuguswa), jaribu jeki kama inanyanyua gari likiwa na watu, na beba kipande cha ubao cha kuikalisha, maana mchangani jeki huzama. Ukipata pancha ndani ya mbuga, mmoja abadilishe na mwingine asimame kwenye mlango akitazama vichaka.

Hicho kitu kidogo ndicho chenye shida. Ukishapokea malipo, hao ni abiria, na gari la abiria au la watalii lina leseni zake na bima yake. Bima ya gari la nyumbani inaweza kukataa kulipa ikijulikana walitoa nauli, na swali hilo huulizwa hospitalini, kwa abiria mwenyewe, wewe ukiwa hupo. Wagawane mafuta peke yake, kwa stakabadhi ya kituo, au mkodishe gari lenye leseni nawe uende kama mmoja wao.