Palermo: kula umesimama, lakini uliza kwanza

Swali la wiki hii lilikuwa hivi: ukipata siku mbili tu katika mji mmoja wa Italia, ule nini na unywe nini? Najua wengi watataja Roma, na wapenda piza watataja Napoli. Mimi nasema Palermo, mji mkuu wa kisiwa cha Sisilia, na sifichi kwamba nina upendeleo: dada yangu ameolewa huko. Nimekwenda mara mbili, Desemba na Septemba, na mwenyeji wangu alikuwa shemeji, mtoto wa mitaa ya soko la Ballarò.

Kabla hajanishika mkono nilishafanya kosa la wageni. Siku ya kwanza, wenyewe wakiwa kazini, njaa ikaniingiza kwenye mgahawa wenye picha za vyakula mlangoni. Nikaletewa tambi zilizolala, na kwenye bili mkawa na pesa ya kukalia kiti, wanaiita coperto. Ni halali na ilikuwa imeandikwa kwenye menyu, lakini iliniuma. Shemeji aliposikia alicheka mpaka akapaliwa. "Huku mchana hatuli tumekaa," akasema.

Kesho yake saa nne asubuhi tukawa Ballarò, mbele ya mzee wa panelle. Hiki ndicho ningemwambia kila mgeni aanze nacho. Ni unga wa dengu, maji, chumvi na majani yanayofanana na kotmiri, basi. Mzee anausonga kwenye sufuria kama ugali, mkono haupumziki, maana ukizubaa tu unashika madonge. Ukianza kuachana na sufuria anaupaka chapuchapu juu ya sahani ungali moto, mwembamba. Ukipoa anaubandua kama ngozi, anaukata, anavitosa vipande kwenye mafuta. Vinatoka vimetuna kidogo, pembeni vikavu, katikati laini. Vitano sita vinaingia ndani ya mkate wa ufuta, chumvi juu, limau linakamuliwa, unapewa kwenye karatasi. Nikauma, nikamwangalia shemeji. Hii si bajia? Haina kitunguu wala pilipili, lakini ulimi uliokulia Tanga haudanganyiki kwa unga wa dengu.

Sijui kama panelle na bajia zina babu mmoja, na wala sibishani. Ninachojua ni kwamba Palermo ilikuwa mikononi mwa Waislamu tangu mwaka 831 hadi Wanormani walipoichukua mwaka 1072, na sokoni bado unasikia. Shemeji hana Kiarabu, mimi nina kile cha madrasa, ila tulikuwa tunaokota maneno kama watoto waokotavyo maembe. Zafferano ni zafarani. Zucchero, sukari. Sorbetto ni ndugu wa sharubati. Septemba, muuza matunda aliponinyooshea kichala akasema "zibibbo", sikuhitaji mkalimani: zabibu. Hata mtaa wa Kalsa, kule karibu na bahari, ulikuwa al-Khalisa, mzizi uleule uliotupa sisi neno "halisi".

Tena kuna jambo linalonifurahisha kupita yote hayo. Mwaka 1154 mwanajiografia al-Idrisi alimaliza hapohapo Palermo kitabu alichomwandikia mfalme Roger II. Humo anaeleza kwamba huko Trabia, mwendo mfupi mashariki ya mji, watu walitengeneza itriya, yaani tambi, na kuzipakia vyomboni kwenda nchi nyingine. Kitabu hichohicho kinataja Malindi na Mombasa. Kwa hiyo mtu akikwambia kwamba tambi hazikuwahi kufika Italia mpaka Marco Polo aliporudi kutoka China, mwambie alikuwa hajazaliwa.

Tambi za kula Palermo ni pasta con le sarde. Hizi ndizo za kukalia, na mimi nilizila mezani kwa dada, amefundishwa na mama mkwe wake. Dagaa wakubwa wabichi, shamari mwitu iliyochemshwa (maji yake ndiyo yanayopikia tambi), zabibu kavu, mbegu za msonobari, zafarani, na juu chenga za mkate zilizokaangwa badala ya jibini. Rafiki zangu wa bara nikiwahadithia zabibu kwenye samaki wanakunja uso. Aliyekula pilau ya zabibu hashtuki.

Sasa niseme na Waislamu wenzangu, kwa sababu hapa ndipo nilipoteleza. Arancina ni donge la wali wa zafarani lililojazwa kitu ndani, likaviringishwa kwenye chenga za mkate na kukaangwa. (Palermo ni arancina, jina la kike. Upande wa Catania wanasema arancino, la kiume, na ugomvi wake ni wa Simba na Yanga.) Mara ya kwanza nilifika Desemba 13, sikukuu ya Mtakatifu Lucia. Siku hiyo Wapalermo hawali mkate wala tambi, kwa kumbukumbu ya njaa ya mwaka 1646, ambapo inasimuliwa meli ya ngano ilitia nanga na watu wakaichemsha ngano vilevile, hawakuwa na subira ya kusaga. Basi toka asubuhi mji mzima unakula arancine, na jioni cuccìa, ngano nzima iliyochemshwa ikachanganywa na ricotta (jibini laini jeupe) na sukari. Mimi nikanunua arancina ndefundefu, nikaambiwa ni "ya siagi". Siagi nikaiona halali. Nusu imeshashuka tumboni ndipo dada akanidaka mkono: ndani ya siagi mna nyama ya nguruwe. Kawaida ya huko, ya mviringo ni ya nyama, ndefu ni ya siagi, na hata ile ya nyama mara nyingi ng'ombe na nguruwe wamechanganywa. Sasa naomba ya mchicha.

Neno la kukariri ni strutto, mafuta ya nguruwe. "C'è strutto?" Uliza hivyo, hakuna atakayenuna. Uliza zaidi kwenye cannoli, zile bomba za unga mkavu zinazojazwa ricotta ya kondoo: kwa desturi unga wake unakandwa kwa strutto na mvinyo wa Marsala. Niliona uchungu kujua hilo, kwa sababu nilishakula nne. Dada ana duka lake linalotumia siagi, ndiko tunakokwenda. Wewe usiyejizuia, dai wakujazie mbele ya macho yako. Iliyojazwa tangu asubuhi imeshalegea kama biskuti iliyosahauliwa kwenye chai.

Sfincione sina mengi: mkate mnene laini wenye nyanya, kitunguu kingi na samaki chumvi, unapita mtaani kwenye kijigari cha matairi matatu, binamu wa Bajaji, na spika inayonadi kwa sauti iliyorekodiwa. Kula ungali moto, au uache.

Pani ca meusa sikuila, nasimulia ya shemeji. Ni wengu na pafu la ndama, vinachemshwa, vinakatwa vipande vyembamba, kisha vinapashwa kwenye strutto. Sufuria imelazwa upande: mafuta yamekaa bondeni, nyama imepanda kilimani. Muuzaji anachota kwa uma, anaiminya dhidi ya ukingo mafuta yachuruzike, anaitumbukiza kwenye mkate. Kisha swali: schietta au maritata? Kapera au mwenye ndoa? Kapera ina limau tu. Mwenye ndoa ana jibini juu. Shemeji, mume mwema, aliagiza kapera, dada akamtazama. Inasemekana chakula hiki kilianzishwa na wachinjaji wa Kiyahudi wa Palermo, waliokatazwa na dini kulipwa pesa kwa kuchinja, wakawa wanachukua matumbo kama ujira na kuyauza. Amri ya kuwafukuza ilitoka mwaka 1492. Wao wakaenda, mkate ukabaki, na nguruwe akaingia.

Kwa kuwa tuko jikoni: mmoja wa watakatifu walinzi wa Palermo ni Benedetto, mtu mweusi, mtoto wa wazazi Waafrika waliokuwa watumwa, aliyefariki mwaka 1589. Katika utawa wake alikuwa mpishi. Nilidhani shemeji ananitania, mpaka nikaiona sanamu.

Vinywaji. Kahawa inanywewa kaunta kwa mafunda mawili matatu, kikombe kidogo kama cha kahawa chungu yetu, ila bila kashata. Maziwa ya lozi, latte di mandorla, baridi, ndiyo dawa ya jua la Septemba, na vibandani wanakukamulia machungwa au komamanga ukiwa umesimama. Vibanda hivyohivyo vina acqua e zammù, maji ya baridi yanayogeuka meupe kama tui yakidondoshewa matone ya zammù. Usidanganyike na matone, ile ni pombe. Na kama ni majira ya tikiti maji, usiondoke bila gelo di mellone: maji ya tikiti yaliyogandishwa kwa wanga, yana harufu ya asumini, na punje za chokoleti zimetupiwa juu kama mbegu. Asumini! Dada alipoonja mara ya kwanza, anasema, alilia kidogo.

Mwaka jana walikuja Tanga. Asubuhi ya pili shemeji akatoweka. Nikamkuta kwa mama muuza bajia pale kona, boflo ameshalipasua kwa mikono, analijaza bajia moja moja, na kwa Kiswahili chake cha kuvunjikavunjika anamwomba mama ndimu. Mama ananitazama mimi: "Huyu mgeni wako kaamka mzima?"