Mzee wa Zamu anajibu: Nani anahesabu pesa ya jioni?

*Jambo sana, Mzee. Kijana wangu wa pili aliingia polisi. Alipomaliza mafunzo alirudi nyumbani na kaye, daftari lake, imejaa maandishi: haki za mtu, usipige, usiombe. Alimsomea baba yake kwa sauti, sote tukafurahi. Wiki iliyopita nilikuwa juu ya pikipiki ya manseba, yule anayebeba abiria, natoka komini ya Kenya hapa hapa mjini kununua unga, tukasimamishwa barabarani. Aliyenyosha mkono kuomba pesa ni yeye. Kuniona tu, akavuta kofia mpaka machoni, akamwambia manseba: "Pita." Usiku ule hakuja kula. Mafunzo yale yalikuwa ya bure? Ao nimezaa mwizi?*
Mama wa Katuba, Lubumbashi

Mama, kwanza mwekee bukari yake, ugali wake. Aliyevuta kofia bado ana aibu. Mimi mwaka wangu wa pili kazini nilikuwa sivuti tena.

Pesa aliyotaka kuchukua ni ya wizi, sitakudanganya. Yule manseba naye ana watoto, na siku hiyo alikuwa ameshalipa vizuizi viwili ama vitatu. Lakini umeniuliza habari ya mafunzo, na hapo ndipo watu wengi wanakosea, hata wakubwa wenye tai.

Nimevaa sare zaidi ya moja. Niliingia jandarmeri mwaka 1983. Polisi haikuwepo: Mobutu aliivunja mwaka 1972, akaiingiza ndani ya jandarmeri, na jandarmeri ilikuwa jeshi. Mwaka 1984 akaleta Garde Civile, askari wengine wa usalama, tukawa wake wawili wa bwana mmoja, kila mmoja anachungulia sufuria ya mwenzake. Mwaka 1997 Mzee Kabila alipoingia, tukaitwa Polisi ya Taifa. Dekreti ikaipanga upya mwaka 2002, sheria yake kubwa ikatoka tarehe 11 Agosti 2011, na mwaka 2013 ikaja sheria ya polisi wenyewe, yenye vyeo vya brigadie na komisera mahali pa vyeo vya jeshi. Hayo ni ya kwenye karatasi. Wewe simama mbele ya kituo chochote cha mji huu uite "Koloneli!", uone nani atageuka.

Sasa nikueleze kaye ya mtoto wako inakutana na nini.

Jioni yangu ya kwanza kwenye kituo kimoja, jina lake naliacha, mkubwa alikuwa amekaa nyuma ya meza iliyoegemezwa tofali mguu mmoja. Juu ya meza kuna kaye kubwa ya jalada gumu na taa ya petroli. Kila aliyetoka zamu aliingia, akapiga saluti, akainua jalada kidogo kwa kidole, akasukuma noti chini yake, akatoka. Hakuna aliyesema neno. Zamu yangu ikafika, nikapiga saluti, mikono mitupu. Nilifikiri atanitukana. Akanitazama kwa upole kabisa, akasema: "Pole na kazi, mtoto."

Kesho yake nikapangwa kulinda tangi la maji la kiwanda kilichokufa zamani. Hakuna gari, hakuna mtu, hakuna hata mama wa kuuza karanga. Wiki mbili. Wiki ya tatu nikarudishwa barabarani, na hakuna aliyehitaji kunifundisha chochote. Jioni ile niliinua jalada kwa kidole kama wengine.

Sisi tunaita hiyo raporti. Shuleni unafundishwa kuandika raporti, hii haiandikwi. Na usifikiri mkubwa wangu alikula yote. Yeye naye alikuwa na meza yake ya kupigia saluti huko juu. Inayobaki ndiyo inanunua karatasi, kalamu, mafuta ya gari, dawa ya askari mwenye malaria. Kituo kinapewa jina na mhuri, mengine kijitafutie. Ndiyo maana ukienda kushitaki unaambiwa: "Mama, leta kwanza karatasi." Simtetei mtu. Nasema tu kwamba mtoto wako hakuacha kaye yake kwa ubaya wa moyo. Aliikuta kaye nyingine mezani.

Serikali ilijaribu kitu kimoja kizuri. Tangu mwaka 2011 ilianza kupitisha mishahara kwenye benki. Zamani mshahara ulipita kwenye mikono mitano kabla ya kukufikia, na kila mkono una vidole. Dawa hiyo ilitibu pesa inayoshuka. Inayopanda iliachwa ilivyo.

Wageni nao walikuja. Wazungu wa Umoja wa Ulaya walikaa na polisi yetu toka 2007 mpaka 2014. Waingereza walilipia polisi ya ujirani, wakaijaribu Bukavu, Kananga na Matadi. Kule Bukavu mtaa ulikuwa na baraza lake, komanda anakaa na mama wa soko, padri na vijana, anaulizwa. Mwenzangu aliyefanya kazi huko hakunisifia mafunzo hata kidogo. Alichosema ni kwamba komanda alianza kuogopa siku ya kikao. Halafu Novemba 2013, Kinshasa, ikatoka amri ya kusafisha kuluna, vijana wa magenge, Operesheni Likofi, yaani ngumi. Vijana walitolewa nyumbani usiku, wengine wakauawa, wengine hawajaonekana mpaka leo. Umoja wa Mataifa ukaandika ripoti mwaka 2014, na baadaye Waingereza wakafunga mfuko wao. Ule woga wa komanda mbele ya mama wa soko ulikuwa kitu adimu, mama, na ulipotea bila kelele.

Basi usimuulize kijana kwa nini anachukua. Muulize anampelekea nani, na siku akikosa wanamfanya nini. Atashangaa kwamba unajua. Pesa yake ya barabarani usiipokee nyumbani, hata ya chumvi. Mke wangu alipokea ya kwangu miaka mingi, na ndiyo iliyonipa usingizi. Tena mwambie: akikataa peke yake, tangi la maji linamngoja. Atafute wenzake wawili ao watatu wa shule moja, wakatae wiki moja, siku moja. Nimeona hilo mara moja tu maishani. Mkubwa hakuwa na matangi ya kutosha. Katiba pia inasema, kifungu cha 28, kwamba hakuna anayelazimika kutii amri iliyo haramu waziwazi. Kifungu hakijazi tumbo, lakini akishike kichwani.

*Mzee, mpwa wangu yuko kwenye kasho, mahabusu ya polisi, toka Jumapili kwa sababu ya deni la simu. Leo Alhamisi. OPJ, polisi wa upelelezi, anataka pesa ili dosie, faili la kesi, itembee. Nilipe?*
Mchuuzi wa Ruashi

Ndugu, wewe nilikujibu kwa simu siku ile ile. Hapa naandikia wengine.

Kifungu cha 18 cha Katiba kinasema saa 48, basi. Zikiisha, mtu anaachiliwa ao anapelekwa mbele ya wakubwa wa sheria, yaani parke, ofisi ya waendesha mashitaka. Deni si kosa la kasho. Ukisikia deni linaitwa "abus de confiance", yaani kula amana, chungulia vizuri: mara nyingi limevalishwa koti ili lifanane na kosa. Kosa likiwa la kweli na faini ikiwepo, inalipwa kwa risiti, si mkononi mwa OPJ.

Andika siku na saa aliyoingia, kwa sababu kila kitu kinahesabiwa toka hapo. Nenda parke asubuhi, na mtu wa pili wa kushuhudia, uombe kuonana na majistra. Kukagua makasho ni kazi yake. Ukitaka kumshitaki polisi mwenyewe, usirudi kituoni kwake. Polisi wanahukumiwa na mahakama ya jeshi, kwa hiyo unaenda oditora ya kijeshi, ndiyo parke ya jeshi.

Mpwa alitoka Ijumaa saa nane mchana. Hakulipa franka hata moja. Mkanda wake na kiatu cha kushoto bado havijaonekana.