Nataka kutoka kwenye harusi niingie kwenye dokumentari: nikope ninunue kamera?

SWALI: Shikamoo kaka. Nimepiga video za harusi hapa Mwanza kwa miaka minne, natumia Sony A7 III. Nataka kuishi kwa kazi ya dokumentari, ila nimeambiwa bila FX6, kamera ya sinema ya Sony, hakuna atakayeniajiri. Nikope?

JIBU: Marahaba. Usikope. Aliyekuambia ana nusu ya ukweli: kamera yako inarekodi rangi kwa biti 8 (ngazi chache za rangi), na vituo vingi vya kimataifa vinataka biti 10. Netflix wana orodha yao ya kamera na yako haimo. Lakini kazi zenye masharti hayo huja na bajeti ya kukodi. Kamera utaikuta, wanachotafuta ni mtu wa kuishika.

Harusi imekufundisha kwamba tukio halirudiwi (ingawa wapo MC wanaomrudisha bibi harusi mlangoni aingie upya). Shida ni mazoea mengine: vipande vya sekunde tatu, slomosheni, muziki juu. Mhariri wa dokumentari hana pa kuviweka. Anataka shoti iliyotulia, ianze kabla mtu hajaingia na iendelee akishatoka. Mtu akimaliza kusema usizime, maana neno zito mara nyingi hutoka anapodhani mahojiano yamekwisha. Mgeukie na anayesikiliza. Kabla hamjaondoka, rekodi nusu dakika ya sauti ya chumba chenyewe, watu wakiwa kimya.

Weka fremu 25 kwa sekunde, shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) 1/50 ya sekunde. Umeme wetu ni hezi 50. Ukipiga fremu 30 kwa 1/60, taa nyingi za ndani zitapepesa, na kuliondoa hilo kwenye uhariri ni mateso. S-Log, ule mpangilio wa picha iliyofifia ya kurekebishwa rangi baadaye, iache kwenye kamera hiyo, anga litatoka mistari mistari. Hela uliyonayo nunua maikrofoni za kubana shatini na diski mbili za kuhifadhia. Picha mbaya mtazamaji huvumilia, sauti mbaya hapana.

Kisha watafute wanaopokea timu za filamu za nje zinazokuja Serengeti na Ziwa Victoria, uombe usaidizi wa kamera: kuchaji betri, kubeba stendi, kunakili kadi. Kunakili kadi wengi hudharau, kumbe ndipo unapoona kila shoti ya bosi, hata zilizoharibika. Baadaye hufuata kupewa kushika kamera ya pili. Wakati huo tengeneza filamu yako ya dakika kumi kuhusu mtu mmoja, tuseme mama anayeuza dagaa Mwaloni Kirumba, ukimfuata kwa miezi. Hiyo ndiyo utakayoonyesha, siyo mkusanyiko wa picha za droni. Droni yenyewe inataka kibali, na vibali vya kupiga filamu ulizia Bodi ya Filamu mapema.

Harusi usiziache bado, zitakulisha. Na ukipata siku ya kwanza ya kulipwa, mkataba utenganishe malipo yako na ya vifaa vyako, utaje siku za safari, na ukuruhusu kutumia shoti zako kuonyesha kazi filamu ikishatoka. Hilo la mwisho liombe kabla hujawasha kamera. Baadaye hakuna anayejibu simu.